Filamu za Hali Halisi za Ngangura Mweze

Jina la Ngangura Mweze hutajwa mara nyingi pamoja na filamu mbili za kubuni: La Vie est belle (1987), aliyoiongoza na Benoît Lamy na ambamo Papa Wemba ndiye mhusika mkuu, na Pièces d'identités (1998), iliyomletea tuzo ya Farasi wa Yennenga huko Ouagadougou mwaka 1999. Sifa hizo ni haki yake. Hata hivyo zimezifunika filamu zake za hali halisi, ambazo kwa uzito hazipungui hizo.

Mzaliwa huyu wa Bukavu (1950) alisomea filamu Ubelgiji, kisha akarudi kufundisha Kinshasa. Mwaka 1980 aliielekeza kamera kwa Chéri Samba, mchoraji mwenye karakana kando ya barabara, ambaye huandika maneno ndani ya picha zake. Tarehe hiyo ina maana: maonyesho ya Paris yaliyomtangaza Samba duniani, Magiciens de la terre, yalifanyika mwaka 1989. Ngangura hakungoja hukumu ya wageni ili atambue kwamba kilichotundikwa barabarani ni sanaa.

Katika Kin Kiesse (1982) Samba yuleyule anakuwa mwongoza njia mjini. Kiesse ni furaha kwa Kikongo. Maneno ya Kifaransa yanayofuata katika jina hilo yanaongeza kwamba furaha yenyewe ni tamu na chungu. Hapa ndipo penye ubishi. Utamu umejaa tele, muziki kwa mavazi. Lakini anayetafuta humo hukumu juu ya utawala wa Mobutu atatoka mikono mitupu. Ngangura, aliyekuja kuitetea kwa maandishi filamu ya kuburudisha mbele ya ile ya kupigania siasa, ana jibu lake. Jibu hilo latosha nusu tu, kwani picha za Samba mwenyewe huchekesha na kukaripia kwa pamoja. Kiongozi ni mkali kuliko filamu anayoiongoza.

Le Roi, la vache et le bananier (1994), yaani mfalme, ng'ombe na mgomba, ndiyo iliyo bora. Ngangura anarudi Ngweshe, katika Bushi, baada ya miaka mingi: mwenyeji kwa damu, mgeni kwa kamera. Mwami, ng'ombe wa mahari, mgomba utoao kasiksi, vyote vinafafanuliwa kwa subira ambayo Mshi hana haja nayo. Ni dhahiri ufafanuzi huo umeelekezwa kwa mtazamaji wa mbali. Lakini Julai ya mwaka uleule wakimbizi kutoka Rwanda waliingia Kivu kwa malaki, na mwaka 1996 vita vikafuata. Mifugo mingi ya Bushi iliporwa. Ufafanuzi ulioonekana wa ziada sasa unawafaa vijana wa Walungu waliokua bila kuona zizi lililojaa.