Wivu na Kijicho katika Filamu Bubu: Uhakiki wa Twenty Minutes of Love

Imezoeleka kusema kwamba filamu bubu haina haja ya lugha. Kwamba kicheko chake humfikia mtazamaji wa Milimani, Nakuru, sawasawa na yule wa Los Angeles. Kwa upande wa fani, usemi huu una ukweli. Kwa upande wa maudhui unapotosha, kama inavyodhihirika katika Twenty Minutes of Love, filamu fupi ya kampuni ya Keystone iliyotolewa mwaka 1914, Charlie Chaplin akiwa mhusika mkuu.

Kisa chenyewe ni chepesi. Chaplin anazurura bustanini. Anawakuta wapenzi wakibusiana kwenye benchi, anawakejeli kwa kuukumbatia mti, kisha anajipenyeza kati yao. Kwingineko msichana anamtaka mpenzi wake athibitishe mapenzi kwa zawadi. Kijana anaiba saa ya mtu aliyelala. Chaplin naye anamwibia mwizi huyo, na kwa saa hiyohiyo anajaribu kumvuta msichana. Mwishowe wahusika wanasukumana hadi ziwani.

Mhakiki akisema tu kwamba hiki ni kisa cha wivu, ataacha jambo kubwa. Kiswahili kina wivu, na pia kina kijicho. Mwenye wivu huchelea kunyang'anywa alicho nacho. Mwenye kijicho huumizwa na alicho nacho mwenziwe. Ni kweli kwamba mpaka huo hauko wazi daima, kwani twasema pia "wivu wa maendeleo" bila ya kumlaumu mtu. Hata hivyo, tofauti hii ndiyo ufunguo wa filamu yetu. Kijana wa kwenye benchi ana wivu, kwa kuwa ana wa kumpoteza. Chaplin hana. Anachokionea kijicho ni furaha ya wenzake, na ule mti, pamoja na kuchekesha, ni ishara ya upweke wake. Saa inaikamilisha dhamira hii: ithibati ya mapenzi inapita mikononi mwa vijana wawili, wala si mali ya yeyote kati yao.

Kiswahili kimekwisha kumpokea msanii huyu. Neno chale, kwa maana ya mchekeshaji, limetokana na jina lake. Lililobaki ni kumhakiki kwa istilahi zetu wenyewe. Mwalimu wa Nakuru anayewaonyesha wanafunzi filamu hii asiishie kuuliza kilichowachekesha. Awaulize nani bustanini mle ana wivu, na nani ana kijicho. Hapo hata filamu isiyosema itawalazimisha kuipima lugha yao.