Nafasi Ndogo ya Marcel Dalio

Kama umewahi kupitia kikundi cha maigizo, wimbo huu unaujua: "Hakuna nafasi ndogo, kuna mwigizaji mdogo." Maneno matamu hayo, hasa akiyasema yule aliyepewa nafasi kubwa. Mimi siyaamini, na shahidi wangu ni Mfaransa Marcel Dalio.

Alizaliwa Paris mwaka 1899, mtoto wa Wayahudi waliotoka Romania. Jina lake hasa lilikuwa Israel Blauschild. Alianzia jukwaani, na sinema ilipomchukua ilimwona mfupi mwenye macho makubwa, ikampa watu wa pembeni. Katika Pépé le Moko (1937) ni mbea wa polisi, basi.

Kisha akaja mwelekezi Jean Renoir. Katika La Grande Illusion (1937) akampa Rosenthal, mateka wa Vita Kuu ya Kwanza ambaye kwao ni matajiri. Vifurushi vya chakula anavyotumiwa anakula na wenzake. Hebu mtazame anapotoroka na Maréchal, yaani Jean Gabin. Mguu umeteguka, njaa inauma, wanatukanana, Gabin anamwacha. Dalio kakaa peke yake mlimani, anaimba kwa hasira. Hotuba hakuna. Gabin anarudi, na urafiki wao wote umo mle.

Mwaka 1939, katika La Règle du jeu, Renoir akamfanya markisi mwenye jumba lake. Kuna pale anapowaonyesha wageni kinanda chake kikubwa cha mashine: uso una fahari na haya kwa pamoja, kama mtoto anayeogopa kunyang'anywa zawadi. Watazamaji waliizomea filamu ile, na mwaka huohuo ikapigwa marufuku.

Mwaka 1940 Wajerumani wakaingia. Dalio akakimbia na mkewe, mwigizaji Madeleine Lebeau, kupitia Lisbon mpaka Marekani. Huku nyuma Wanazi wakaubandika uso wake kwenye mabango, eti watu wajue Myahudi anafananaje. Wazazi wake wakafia kambini.

Na Hollywood je? Katika Casablanca (1942) yeye ni Emil, mwendesha meza ya kamari. Jina lake halimo hata kwenye orodha ya waigizaji. Markisi wa juzi, leo anazungusha gurudumu! Niambieni basi kwamba nafasi ile si ndogo. Ni ndogo, bwana, na aliyeipunguza si yeye.

Lakini kazi aliifanya. Mkuu wa polisi anafunga kasino kwa kisingizio kwamba kuna kamari. Emil anamsogelea kwa adabu zote na kumkabidhi pesa zake alizoshinda. Hakonyezi, hacheki. Angecheka yeye, tusingecheka sisi.

Sisemi kila alichocheza ni dhahabu. Marekani walimtumia mara nyingi kama Mfaransa wa kujazia: mwenye hoteli katika To Have and Have Not (1944), hakimu katika Gentlemen Prefer Blondes (1953). Kipaji kile kilipunjwa, na tusikifunike kwa methali za kufariji. Baada ya vita aliigiza tena kwao, na mwaka 1973, amekwisha kupita miaka sabini, akawa rabi katika kichekesho Les Aventures de Rabbi Jacob. Uso uliobandikwa ukutani ili uchukiwe, Wafaransa wakajaa sinema kufurahi nao. Alifariki mwaka 1983.

Vijana wenzangu tunaoandika, hadithi zetu zimejaa wahudumu, makonda na walinzi wa usiku. "Mhudumu akaleta chai," kalamu inapita. Si lazima utusimulie maisha yake. Hadithi ingekuwa ndefu mno. Ila wewe mwenyewe ujue anatoka wapi na kaacha nani, kisha mwache aweke kikombe mezani. Mkono wake utawekwa tofauti, na msomaji ataona.