Kalamu za Wanajimu

Abraham ibn Ezra, mwanazuoni Myahudi wa Hispania, hakuwa mtu wa kuzungushazungusha maneno. Alipoketi kuandika Kitabu cha Ulimwengu, katikati ya karne ya 12, alianza na onyo: ukikutana na kitabu cha Abu Mashar kuhusu mikutano ya sayari, usikikubali. Abu Mashar hakuwa mtu wa kupuuzwa hata kidogo. Alikuwa mnajimu mzaliwa wa Balkh, akafariki mwaka 886, na vitabu vyake vilisomwa kuanzia Baghdad hadi Hispania. Lakini Ibn Ezra alimkuta na kosa la hesabu, na mbele ya kosa la hesabu hakumwonea mtu haya. Abu Mashar alikuwa akipima mikutano ya sayari kwa mwendo wa wastani. Tukizitazama kutoka huku chini, sayari haziendi kwa mwendo mmoja: huharakisha, hukawia, husimama, hata hurudi nyuma. Anayetegemea wastani peke yake ni sawa na anayekwenda kumpokea mgeni stendi kwa kugawa kilomita kwa saa, bila kuuliza basi limesimama wapi njiani.

Baada ya onyo hilo, akaanza kuhesabu. Sayari za wakati ule zilikuwa saba, Jua na Mwezi zikiwamo. Zinaweza kukutana kwa namna ngapi? Tuanze na mbilimbili. Zuhali, iliyo juu kuliko zote, ina wenzake sita wa kukutana nao. Mushtari imekwisha kuhesabiwa na Zuhali, kwa hiyo inabakiwa na watano. Mirihi wanne, Jua watatu, Zuhura wawili, Utaridi mmoja, na Mwezi hauna tena wa kukutana naye. Jumla 21. Zikikutana tatutatu, Zuhali ikiwamo tunapata mikutano 15. Tukiiweka Zuhali kando na kuanza na Mushtari, 10. Kisha 6, kisha 3, kisha 1. Jumla 35. Nnenne ni 35 tena, tanotano 21, sitasita 7, na zote saba kwa pamoja ni mkutano mmoja tu. Jumlisha zote: 120.

Mwanafunzi wa sekondari leo hupewa kanuni ya kufikia jibu hilo kwa mstari mmoja. Ibn Ezra hakuwa na alama za aljebra. Aliiandika kwa maneno matupu, kwa Kiebrania, lugha ambayo kabla yake ilikuwa na vitabu vichache mno vya elimu ya nyota, na msomaji aliyefuata hatua zake alifika penyewe.

Ufundi huo ndio ninaousifu. Siamini kwamba Zuhali inajua bei ya ngano ya mwakani. Ila mtu aliyetaka kutabiri bei ya ngano alilazimika kwanza kujua Zuhali iko wapi usiku huu, na kulijua hilo kulidai hesabu, vipimo, subira, na vitabu vya watu waliomtangulia. Utabiri umepeperuka na upepo, na kazi iliyofanywa kabla ya kuutamka imebaki kwenye karatasi. Tuitazame hiyo.

Mwanzo wake mzuri ni Baghdad. Mwaka 762 Khalifa al-Mansur alipotaka kuweka msingi wa mji wake mpya, aliwaita wanajimu wamchagulie saa. Mmoja wao alikuwa Nawbakht, Mwajemi. Mwingine Mashaallah, Myahudi wa Basra. Saa waliyoichagua ilikuwa mwishoni mwa Julai, Jua likiwa kwenye burji ya Asadi, na Mushtari, sayari ya heri, ikichomoza katika burji yake yenyewe ya Kausi. Tunajua hivyo kwa sababu mwanazuoni al-Biruni, zaidi ya karne mbili baadaye, aliinakili taswira ile ya mbingu ndani ya kitabu chake cha kalenda za mataifa.

Kuichora taswira kama hiyo kulikuwa kazi ya jasho. Fundi aliitundika astrolabi kwa pete yake, akaelekeza kipimo kwenye Jua au nyota aijuayo, akasoma imepanda nyuzi ngapi kutoka upeo wa macho. Akazungusha wavu wa shaba hadi ulingane na kipimo, ndipo akaona ni uzi gani wa burji gani unaochomoza mashariki. Mbingu huzunguka uzi mmoja kwa kila dakika nne hivi, maana yake mkunga akichelewa kutoa habari kwa muda wa kuchemsha chai, taswira imekwisha kuhama. Kisha yakafuata majedwali. Kwa kila sayari alitafuta mwendo wa wastani tangu tarehe ya mwanzo ya jedwali, akaongeza au kupunguza tadili inayosahihisha wastani huo, akarudia kazi hiyo mara saba, halafu akagawa mbingu nyumba 12 kwa kufuata latitudo ya mji. Yote hayo yakifanyika, hajatabiri kitu bado.

Mashaallah aliandika vingi, na Kiarabu chake kingi kimepotea. Kitabu chake kifupi cha kupatwa kwa Jua na Mwezi tunakisoma leo kwa Kilatini, na kwa Kiebrania cha huyo huyo Ibn Ezra. Sehemu za historia yake ya ulimwengu, iliyopangwa kwa mikutano ya Zuhali na Mushtari inayotokea kila baada ya miaka 20 hivi, zimetufikia kwa sababu Mkristo wa Baghdad aitwaye Ibn Hibinta alizinukuu. Myahudi aliyeandika Kiarabu, Mkristo aliyemnukuu, Myahudi mwingine aliyemfasiri huko Ulaya: mnyororo wa elimu hii umeunganishwa na watu wa namna hiyo, na popote unapoukagua unakuta mtu aliyeona kwamba kazi ya mwenzake inastahili wino wake.

Ibn Ezra mwenyewe alizaliwa Tudela, Hispania, na mwaka 1140 aliihama nchi yake. Alipita Roma na Lucca, akakaa Béziers kusini mwa Ufaransa, Rouen, hata London. Hakuwa na mali. Aliishi kwa kufundisha na kuandika, akimwachia mwenyeji wake kitabu na kuendelea na safari. Ndiyo maana vitabu vyake vingi vya nyota vipo kwa matoleo mawili: akifika mji mwingine na kukuta watu wenye kiu ile ile, alikiandika kitabu upya, mifano mingine, maelezo mengine, wakati mwingine akijikosoa. Mwaka 1148 huko Béziers aliandika mfululizo mzima, ukiwamo Mwanzo wa Hekima na Kitabu cha Sababu, ambamo anaeleza kwa nini kila kanuni iko vile ilivyo. Hakuficha mabishano pia. Ptolemaios asema hivi, Wahindi wasema hivi, Waajemi wasema vingine, nami nimejaribu nikaona hivi. Katika Kitabu cha Ulimwengu anakiri kwamba saa kamili ya Jua kuingia Hamali haiwezi kujulikana, kwa kuwa wataalamu hawajakubaliana urefu wa mwaka wenyewe, na anamshauri mnajimu ategemee mwandamo au mwezi mpevu uliotangulia. Mtu anayetafuta wateja wa kuwadanganya hawezi kuandika hivyo.

Wapinzani walikuwapo, tena wazito. Katika miaka ya 1190 Maimonides, tabibu na mwanasheria mkuu wa Wayahudi wa Misri, aliwaandikia wanazuoni wa kusini mwa Ufaransa barua kali akiuita unajimu wa utabiri upumbavu, na kuutenga na falaki ya vipimo aliyoiheshimu. Alisema amesoma kila kitabu cha Kiarabu cha fani hiyo. Namwamini, kwa maana hoja zake ni za mtu aliyesoma hadi mwisho. Msomaji wa Pwani ataitambua tofauti hiyo mara moja: masheikh wetu wanaopiga hesabu ya kibla na miezi hawapendi kuchanganywa na wapiga ramli.

Na Fustat, mji alioishi Maimonides, ndipo palipobaki karatasi za watu wa kawaida. Katika sinagogi la Ben Ezra palikuwa na chumba cha kuhifadhia maandishi yaliyochakaa, kwa kuwa yenye jina la Mungu hayatupwi ovyo. Mwaka 1896 na 1897 mwanazuoni Solomon Schechter aliyapeleka Cambridge, vipande karibu 200,000. Humo mna barua za biashara, mikataba ya ndoa, mwandiko wa Maimonides mwenyewe, na pia taswira za nyota na kurasa za almanaka za karne ya 12. Lugha ni Kiarabu, herufi ni za Kiebrania. Safu moja inataja siku, nyingine Mwezi umefikia burji gani, nyingine umetazamana na sayari ipi, na pembeni ushauri wa siku hiyo. Mwandishi wa almanaka hiyo alijua itatupwa mwaka ukiisha, akazipiga mistari safu zake zilingane vilevile.

Vitabu vya Ibn Ezra navyo viliendelea na safari. Mwaka 1273, mjini Mechelen, katika nyumba ya mwanachuoni Henry Bate, Myahudi aitwaye Hagin alishika vitabu vya Ibn Ezra vya Kiebrania na kuvisema kwa Kifaransa kwa sauti, huku Obert wa Montdidier akiandika. Mmoja anasoma na kutamka, mwingine anakimbizana naye kwa kalamu. Miaka 20 baadaye Pietro d'Abano akakitia Kifaransa hicho katika Kilatini, na mwaka 1507 kikapigwa chapa Venezia. Makosa yaliingia njiani, bila shaka. Hata hivyo, kuna kazi za Ibn Ezra ambazo Kiebrania chake kimepotea na zinasomeka kwa Kilatini tu.

Mnyororo huo uligusa hata ufuo wetu. Abraham Zacut wa Salamanca, aliyeandika majedwali yake kwa Kiebrania na ambaye pia alitunga risala ya unajimu, alifukuzwa Hispania pamoja na Wayahudi wenzake mwaka 1492. Huko Ureno alikokimbilia, José Vizinho alimfasiri, na Almanach Perpetuum ikachapwa Leiria mwaka 1496. Majedwali ya aina hiyo ndiyo mabaharia wa Ureno waliyoyatumia kupata latitudo kwa kupima Jua. Mwaka 1498 Vasco da Gama alitia nanga Mombasa, kisha Malindi, akapewa rubani ambaye naye alisoma njia kwa nyota.

Kwa hiyo nina ombi kwa wanafunzi wetu wa Kiarabu, wa Zanzibar, Lamu na kwingineko. Mwaka 1029, huko Ghazna, al-Biruni alimwandikia mwanamke aitwaye Rayhana bint al-Hasan kitabu kiitwacho al-Tafhim, chote kwa maswali na majibu. Kinaanza na jiometri, kikaja kwenye hesabu, kikapanda kwenye umbo la mbingu, na unajimu ukawa wa mwisho, kwa kuwa kwake hakustahili kuitwa mnajimu yule asiyejua hayo yote manne. Majibu mengi ni mafupi, hayazidi aya moja. Kiswahili tayari kina burji, falaki, kusi na kaskazi, na majina ya sayari zote saba. Mtu akianza na maswali ya jiometri, matano kwa wiki, atakuwa amefika mbinguni kabla hajamaliza shahada yake.