Wala Shaba na Lugha Yao

Mwaka 1926 Jean-Félix de Hemptinne, mmonaki Mbenedikto aliyeongoza Misioni ya Katanga tangu 1910 mpaka kufa kwake mwaka 1958, alitoa makala iitwayo "Les mangeurs de cuivre du Katanga", yaani wala shaba wa Katanga. Yafaa kuipima, kwani yawahusu babu zetu wa vilimani.

Jina lenyewe limechaguliwa vizuri. Mgeni aweza kucheka, akidhani watu walitafuna shaba. Sisi twajua maana ya kula: mtu hula jasho lake.

Tena makala yaeleza kazi yenyewe. Wakati wa kiangazi, mavuno yakiisha kuwekwa ghalani, watu walikwenda machimboni. Waliokota na kuchimba mawe ya kijani, wakachoma makaa, wakajenga tanuru kwa udongo wa kichuguu, wakavukuta mivuo mpaka shaba ikayeyuka. Kazi ilikuwa na siri na miiko yake, nayo ilirithiwa. Basi asiwepo mtu wa kusema kwamba shaba ya Katanga ilianza na Union Minière mwaka 1906. Hata Kalukuluku, mgodi ulioitwa Étoile, usio mbali na Luano yetu, ulichimbwa kabla ya Wazungu.

Lakini kasoro iko, tena kubwa. Makala iliandikwa kwa Kifaransa, kwa wasomaji wa Ulaya. Mhunzi Msanga asemewa na mwingine. Tazameni Ireland: mwaka 1935 serikali iliunda tume ya kukusanya masimulizi ya kale. Watu wake walipanda mpaka vijiji vya milimani, wakaandika maneno ya wazee kwa Kiirishi chenyewe, kama yalivyotoka kinywani. Huo ndio urithi kamili: kazi pamoja na jina lake.

Hapa Luano watoto wetu husema Kiswahili, na shuleni Kifaransa. Kisanga cha bibi wengi hawakijui. Mimi mwenyewe nafundisha katekisimu kwa Kiswahili, wala sijutii. Lakini wahunzi wale wamekwisha kufa, na wajukuu wao waliosikia habari zao wamezeeka. Mwenye daftari na aende kwao, aulize mti wa makaa uliitwaje, na mvuo, na tanuru. Aandike kwanza kwa Kisanga, halafu kwa Kiswahili. Askofu alituachia nusu ya kazi. Nusu iliyobaki ni yetu.