Elibariki si Jina la Kiebrania: Uhakiki wa Orodha za Maana za Majina

Wazazi wengi wa Arusha na Meru wanaojiandaa kumleta mtoto kwenye ubatizo hutafuta jina katika orodha za majina na maana zake. Orodha hizo zina manufaa. Hata hivyo, nyingi zina kasoro inayostahili kuhakikiwa: huchanganya asili ya jina na kusudi la wale waliolitoa.

Tuchukue jina Elibariki, ambalo huelezwa mara kwa mara kuwa la Kiebrania. Jina hilo halimo katika Biblia. Sehemu yake ya kwanza imetokana na El, yaani Mungu kwa Kiebrania. Ya pili ni kitenzi cha Kiswahili chenye asili ya Kiarabu. Biblia inalo jina Barakeli (Ayu. 32:2), lenye mashina yaleyale kwa mpangilio mwingine, kwa kuwa Kiarabu na Kiebrania ni lugha za ukoo mmoja. Barakeli ni Mwebrania. Elibariki ni ndugu yake aliyezaliwa huku kwetu. Wala hahusiani na kuhani Eli, ambaye jina lake katika Kiebrania huanza kwa herufi ayin, ilhali El huanza kwa alef.

Kosa hili si dogo. Misheni ya Leipzig ilipoanza kazi Nkoaranga mwaka 1902 na Ilboru mwaka 1904, haikuja na jina Elibariki, wala Elifuraha, wala Aikaeli, lenye neno la Kichagga la kushukuru. Majina haya yaliundwa hapa, kwa lugha za hapa. Kuyaita ya Kiebrania ni kuwanyima wazee wetu sifa ya tafakari yao ya kitheolojia. Aidha, ni kukuza dhana kwamba jina la Kikristo sharti litoke mbali. Kwa dhana hiyo Lemayian, jina la Kimaasai linalotaja baraka, huachwa mlangoni mwa kanisa na Elibariki huingia, ingawa yote mawili yanakiri jambo moja.

Hata hivyo, usahihi wa asili haufuti kusudi la mzazi. Hana alieleza jina la Samweli kwa habari ya kumwomba Bwana (1 Sam. 1:20), na wataalamu wa Kiebrania huona kwamba shina la kuomba linalingana zaidi na jina la Sauli. Maelezo ya Hana hayatufundishi sarufi. Yanatufundisha imani ya mama.

Kwa hiyo mchungaji hana budi kuuliza maswali mawili: jina hili limetoka katika lugha gani, na kwa nini mtoto huyu anapewa? La kwanza hujibiwa na kamusi. La pili hujibiwa na wazazi peke yao, na jibu lao linastahili kuandikwa katika daftari la ubatizo.