Kiabukwa: tulipelekwa kuona maji ya moto, hatukupelekwa kuyaelewa

Bandugu, nataka kusema neno juu ya safari ya siku moja tuliyofanya kwenye maji ya moto ya Kiabukwa, wakati wa kipwa. Wengi wetu tuliweka picha. Mimi pia niliweka yangu: nimesimama mbele ya mvuke, mikono juu, na chini nimeandika kwamba hapa ndipo umeme wa kwanza wa joto la ardhi ulitoka katika Afrika nzima. Watu walipenda sana. Sasa ninasikia kuna wenzetu wanatayarisha safari ya pili. Kabla hatujalipa tena, inafaa tuitazame ile ya kwanza kwa ukali kidogo, kama vile tunavyotazama memwari ya mwenzetu siku anaitetea mbele ya juri.

Nianze na mazuri, maana yalikuwepo. Tulitoka Bukama alfajiri, jua halijatoka, kwa pikipiki. Gidi wetu ni kijana mwenye ulimi mtamu na moyo wa kazi. Anajua njia, anajua fasi ya kupumzika, na alijua nani kati yetu kifua chake hakipendi vumbi. Mbele ya kuondoka alitusimamisha karibu na Lualaba na kutuambia kwa nini mji wetu uko pale ulipo: reli iliyotoka upande wa Élisabethville ilifika Bukama mwaka 1918, na hapa njo mto unaanza kubeba meli kuelekea kaskazini. Nimeishi hapa miaka mingi, lakini siku ile niliona daraja kwa macho mengine. Gidi akifundisha hivyo, ni mwalimu kabisa.

Tulipofika kwenye maji, ule ualimu ukaisha, tamasha ikaanza. Alitoa mayai kwenye mfuko, akayafunga ndani ya kitambaa, akayazamisha. Tukahesabu pamoja kwa sauti kama watoto wa masomo ya msingi. Alipoyatoa, akavunja moja: limeiva! Tukapiga makofi, tukapiga picha, tukala mayai na chumvi. Kisha akanyoosha kidole upande mmoja akasema: "Hapa njo fasi ya kwanza mu Afrika muzima kutosha kuran mu maji ya moto. Mwaka 1952! Ni sisi ba kwanza!" Makofi tena. Kisha programu ikasema muda umekwisha, chakula kinangoja. Kwa siku nzima ya njia na vumbi, tulikaa kwenye maji muda mfupi kuliko tuliokaa mezani.

Hapo njo lawama yangu ya kwanza. Yale aliyosema ni kweli, lakini ni nusu ya kweli. Mtambo wa Kiabukwa uliwekwa mwaka 1952, ulikuwa wa kilowati 200 hivi, na maji yake yalikuwa na digrii 91. Ni wa kwanza Afrika, hakuna ubishi. Ila uliwekwa kwa ajili ya nani? Kwa ajili ya mgodi. Haukuwekwa kwa ajili ya kijiji, wala shule, wala mashua za wavuvi. Leo hautoi hata wati moja. Mtu anayesema "sisi wa kwanza" bila kusema "na leo hatuna" anafanana na mtu anayejisifu kwa nyumba ya babu yake iliyokwisha kuanguka. Mwaka 1952 nchi haikuwa mikononi mwetu, na hesabu za ule umeme hazikuwa zetu. Neno "sisi" katika ile hotuba lilihitaji kuelezwa, na hakuna aliyelieleza.

Lawama ya pili ni ya elimu. Mwenzetu mmoja aliuliza joto linatoka wapi. Jibu lilikuwa: kuna volkano chini. Hapana. Volkano ziko kule Goma, hapa kwetu hamna. Bonde la Upemba ni tawi la lile bonde kubwa la ufa linaloshuka Afrika ya mashariki. Ardhi imepasuka na kushuka, na kwenye mipasuko maji ya mvua yanazama mbali sana chini, fasi mawe yana moto, kisha yanapanda tena. Mchanga na matope ya miaka maelfu vikajaza bonde, njo tukapata maziwa ya Upemba na Kisale na samaki wake. Ina maana ufa uleule unaotupa maji ya moto ndio uliotupa samaki. Maneno hayo yanachukua dakika tatu kuyasema, na yangetuunganisha na ile ardhi kuliko makofi yote.

Lawama ya tatu inanigusa mimi mwenyewe. Wakati wengine wanapanga mstari kwa ajili ya picha ya pamoja, kulikuwa mama mmoja amekaa pembeni na beseni lake, anatutazama. Nilimusalimia. Akanijibu vizuri, kisha akaniuliza: "Mwana wangu, benye kusoma banakuyaka hapa, banapima, banapiga bafoto, banaenda. We ulisoma nini?" Nikasema: "Agronomia, mama." Akasema: "Basi uniambie. Haya maji yanatusaidia nini?"

Sikuwa na jibu. Nilicheka, nikasema ni utajiri wa nchi. Akacheka pia, cheko ya mtu aliyekwisha kusikia hilo neno mara mingi. Katika programu ya siku ile, wenyeji hawakupewa hata dakika moja ya kuzungumza. Tuliwasalimia, tukawaachia kitu kidogo cha heshima, basi. Safari yenye gidi ambayo haimpi nafasi mtu anayeishi na kitu kilekile unachokuja kukiona, hiyo ina kasoro kubwa kuliko chakula kuchelewa.

Nilirudi nyumbani na lile swali, na nikagundua kwamba jibu lilikuwa ndani ya yai. Ile ya yai ilikuwa somo bora kabisa la siku nzima, ila gidi aliifanya mchezo na sisi tuliikubali kama mchezo. Tufanye hesabu. Maandishi juu ya Kiabukwa yanataja maji karibu lita 40 kwa sekunde. Kilowati 200 za mtambo ule, kwa taa za siku hizi za wati 10, zingewasha taa 20,000. Si kitu kidogo kwa mji ambao watu wengi wanalala na tochi. Lakini tuache umeme kwanza, tuchukue joto lenyewe. Lita moja ya maji ikipoa digrii moja inatoa kilojuli 4.2 hivi. Ukichukua digrii 40 tu kwenye zile 91, ukazidisha kwa lita 40 kila sekunde, unapata zaidi ya kilowati 6,700 za joto. Hiyo ni zaidi ya mara 30 ya umeme wa mwaka 1952! Tena joto hilo halihitaji turbini wala enjinia kutoka Ulaya. Linahitaji bomba, sanduku na mtu mwenye akili ya shamba.

Sasa fikirini kitu kinachooza kwetu kila siku. Samaki wa Kisale na Upemba wanakaushwa kwa moshi wa kuni, na kila mwaka kuni zinatafutwa mbali zaidi. Mihogo ikilowekwa wakati wa mvua inakosa jua, inaota ukungu. Mihogo na mboga vinakauka vizuri kwa hewa ya digrii 40 mpaka 60. Samaki anaanza kwa joto la upole, asije akaiva nje na kuoza ndani. Maji ya digrii 91 yanatosha na kubaki. Mama yule aliuliza swali la agronomia, na mwanaagronomia alimujibu kwa hotuba.

Si ndoto. Wenzetu wa Kenya wanaita kitu hiki jotoardhi. Eburru, upande wa Naivasha, kuna kikaushio cha mazao kinachotumia mvuke wa ardhi tangu miaka ya 1930, kilichojengwa kwa ajili ya pareto, na watu wa pale wanapoza mvuke uleule ili wapate maji ya kunywa. Karibu na Naivasha kuna shamba la maua lililopasha nyumba zake za kioteo kwa joto la ardhi tangu mwaka 2003. Menengai wamejaribu kuchemsha maziwa, kupasha mabwawa ya samaki na hata kufua nguo. Na upande wa umeme, mashine yao ya kwanza ya Olkaria, megawati 15, ilianza mwaka 1981, miaka 29 nyuma yetu. Leo Kenya ina zaidi ya megawati 900 za jotoardhi. Sisi tumebaki na tarehe.

Watu wa Nairobi wanafanya safari ya siku moja kama yetu, karibu kilometa 90, kwenda Hell's Gate. Wanatembea kati ya miamba, wanaona mabomba ya mvuke yakipita, na wanaweza kuoga kwenye bwawa la maji ya moto yanayotoka kwenye mitambo. Ile safari inaonyesha kitu kinachofanya kazi. Hata hivyo nisiwadanganye kwamba kule kila kitu ni sukari. Mwaka 2014 familia za Wamasai zilihamishwa kupisha mtambo wa Olkaria IV, na malalamiko yao yalifika Benki ya Dunia na Benki ya Uwekezaji ya Ulaya. Gidi mzuri wa Olkaria angepaswa kulisema hilo pia. Swali ni lilelile la Kiabukwa ya mwaka 1952: joto linapotoka ardhini, linaingia nyumba ya nani?

Najua kuna atakayesema: "Ndugu, ilikuwa matembezi tu. Vijana wanahitaji kupumzika, si kila siku masomo." Ninakubali nusu. Sisi wenye lisansi bila kazi tunachoka zaidi kuliko watu wanavyodhani, na siku moja ya kucheka pamoja ina thamani yake. Lakini tangazo la safari halikusema matembezi. Lilisema "ziara ya kielimu", na bei ilikuwa ya ziara ya kielimu. Kama ni pikiniki, tuiite pikiniki, twende na muziki wetu. Na kama ni elimu, basi turudi tukijua kitu ambacho hatukukijua asubuhi.

Kuna hatari pia ambayo haikutajwa. Maji ya digrii 91 yanababua ngozi papo hapo. Mwenzetu mmoja ndara yake ilizama kwenye tope la pembeni akaivuta akicheka. Mguu ungefuata, tusingecheka. Hakukuwa kamba, hakukuwa alama, hakukuwa sanduku la dawa. Na niliwasikia wengine wakisema tuyapeleke maji yale moja kwa moja kwenye bustani. Taratibu! Maji yanayotoka mbali chini yanabeba chumvi na madini, mara nyingine floridi nyingi. Ukimwagilia bila kuyapima laboratwari, unaweza kuua udongo. Joto lipite ndani ya bomba, hewa ndiyo iguse chakula. Maji yenyewe yasiguse samaki wala mche.

Basi safari ya pili iwe namna gani? Mimi naona mambo manne. Kwanza, muda: tukae kwenye maji angalau nusu ya siku, chakula tule pale pale. Pili, mtu wa kwanza kuzungumza awe mwenyeji, mwanaume au mwanamke, atuambie maji yale yanatumika kwa nini leo, wanayaogopa wapi, na wazazi wao waliona nini mtambo ulipokuwa unafanya kazi. Hao wazee wanapungua kila mwaka, na hakuna anayewaandika. Tatu, sehemu ya pesa ijulikane wazi mbele ya wote kwamba ni ya kijiji, isiwe zawadi ya mkono kwa mkono. Nne, tufanye jaribio moja dogo. Kati yetu kuna wa agronomia, wa politeknike, wa afya, wa sheria. Tukishindwa kukausha samaki mmoja sote pamoja, basi diplome zetu tuzitundike ukutani tunyamaze.

Gidi wetu simulaumu kwa ubaya. Alitupa kile ambacho sisi wateja tunapenda: mvuke, yai, na neno "wa kwanza". Tukimuomba zaidi, ana uwezo wa kutupa zaidi, maana pale Lualaba alituonyesha. Lawama kubwa inarudi kwetu tuliopiga makofi bila kuuliza swali la pili.

Ile picha yangu sijaifuta. Nimebadilisha maneno ya chini tu: nimeandika mwaka mtambo ulipowekwa, kazi uliyowekewa, na kwamba leo umekufa. Watu waliopenda hawakuongezeka, lakini wawili waliniandikia kuuliza kwa nini ulikufa. Ni mwanzo.

Safari ya pili ikipangwa, mimi nitabeba kipimajoto, mita chache za bomba na sanduku la mbao lenye wavu. Anayekuja abebe samaki wabichi wawili na kilo moja ya mihogo. Na kama yule mama atakuwepo, tumpe yeye kazi ya kusema kama vimekauka vizuri au hapana.