Lupita Nyong'o na Sauti Yake

Katika Mji wa Kale wa Mombasa mtu hujulikana kwa ulimi wake kabla hajajulikana kwa jina lake. Mwenye duka la Ndia Kuu husikia maneno mawili matatu, akatambua kama mnunuzi wake ni mzaliwa wa Mvita, au amevuka kutoka Unguja, au ameshuka jana kutoka bara. Asemaye ndia ana kwao, na asemaye njia ana kwao pia. Bandari iliyopokea majahazi ya Lamu, ya Hadhramaut na ya Bara Hindi kwa karne nyingi ilipaswa kuwa na masikio mema. Naanza na masikio kwa sababu mwigizaji ninayetaka kumtia katika mizani amesifiwa mno kwa uso wake. Magazeti ya dunia yameandika juu ya ngozi yake, nywele zake na mavazi yake hata msomaji akadhani kwamba kazi ya mwigizaji ni kutazamwa. Mimi nadai kwamba kazi ya Lupita Nyong'o haiwezi kupimwa sawasawa ila kwa kufuata habari ya sauti yake: alivyoipata, alivyoiweka kando, alivyofichwa nyuma yake, na mahali ilipomfikisha.

Alizaliwa tarehe 1 Machi 1983 katika jiji la Mexico, ambako baba yake, Anyang' Nyong'o, alikuwa mwalimu wa elimu ya siasa. Jina lake la Lupita ni ukumbusho wa nchi hiyo. Wazazi wake ni Waluo wa Kenya. Aliletwa Kenya angali mtoto mchanga, akakulia Nairobi. Alipokuwa na umri wa miaka 14 alicheza nafasi ya Juliet katika mchezo wa Shakespeare uliowekwa jukwaani na kundi la Phoenix Players. Baadaye alikwenda Marekani kusoma katika chuo cha Hampshire. Alifanya kazi ndogo ndogo za usaidizi katika utengenezaji wa picha ya The Constant Gardener iliyopigwa Kenya, na mwaka 2009 alitoa picha yake mwenyewe, In My Genes, juu ya maisha ya watu wenye ulemavu wa ngozi nchini Kenya. Mwaka huo huo wa 2009 aliingia katika shule ya uigizaji ya Chuo Kikuu cha Yale. Alihitimu mwaka 2012.

Hapo Yale ndipo penye jambo linalostahili kutusimamisha. Mwigizaji katika Marekani hutakiwa aweze kusema kama Mmarekani, la sivyo milango mingi humfungia. Lupita alijifunza matamshi hayo kwa bidii, hata yakawa ndiyo matamshi yake ya kila siku. Amesimulia mwenyewe hadharani kwamba kazi hiyo ilimtia huzuni, kwa kuwa alijisikia kana kwamba anajiacha nyuma. Kisha mwaka 2013, alipoanza kuulizwa maswali na waandishi wa habari juu ya picha yake kubwa ya kwanza, aliamua kuwajibu kwa matamshi ya Kenya. Uamuzi huo hauonekani katika picha yoyote, wala haukutunzwa kwa tuzo. Lakini mimi nauhesabu kuwa tendo la kwanza la ufundi katika maisha yake. Mwigizaji akishajua ni sauti ipi iliyo yake, huweza kuazima za wengine bila kupotea ndani yake.

Picha hiyo ni 12 Years a Slave, iliyoongozwa na Steve McQueen na kutolewa katika masimulizi ya Solomon Northup yaliyochapishwa mwaka 1853. Lupita alicheza nafasi ya Patsey, kijakazi wa shamba la pamba, ambaye huchuma zaidi ya ratili 500 kwa siku na kuwashinda wanaume wote. Bwana wake humtamani na kumpiga; bibi wa nyumba humchukia kwa sababu bwana humtamani. Tazama jinsi mwigizaji alivyogawanya nafasi hii. Kuna mahali ambapo Patsey amekaa majanini peke yake akitengeneza vijisanamu kwa majani ya mahindi. Hasemi neno. Mikono yake ni ya mtoto achezaye, nasi twakumbuka ghafula kwamba huyu aliyezeeka kwa taabu ni msichana bado. Kisha kuna siku anaporudi shambani na kipande cha sabuni alichokwenda kukiomba kwa jirani, na bwana wake anamshuku. Hapo sauti iliyofungwa inafunguka. Anamwambia bwana wake kwamba alikwenda kutafuta sabuni ili ajitoe uvundo, kwa kuwa bibi wa nyumba amemnyima. Mwigizaji mwepesi angalilia ili tumwonee huruma. Lupita anasema kama mtu anayedai haki, ajuaye kwamba hataipata, na ambaye hata hivyo hana nguvu tena ya kunyamaza. Katika picha ndefu yenye mateso mengi, ombi la sabuni ndilo linalouma kuliko yote.

Mwanafunzi wa Mombasa asidhani kwamba habari hii ni ya mbali. Ukitoka kisiwani kwa daraja la Nyali na kuingia upande wa Kisauni utafika Kengeleni, mahali palipoitwa kwa sababu ya kengele ya Frere Town. Mji huo mdogo ulianzishwa na wamisionari wa Kiingereza mwaka 1875 uwe makao ya watumwa waliokombolewa, wengi wao wakiwa wametolewa katika majahazi baharini. Walikuwamo wanawake wengi na watoto. Ni wachache mno walioacha maneno yao wenyewe. Na katika pwani yetu, ambako familia za mabwana na familia za watumwa zilikaa mtaa mmoja, jambo hili huzungumzwa kwa sauti ya chini, au halizungumzwi kabisa. Wapo wasemao kwamba afadhali lisahauliwe. Mimi sikubaliani nao. Patsey wa kweli hakuandika kitabu. Tunamjua kwa sababu mwenziwe alimwandika, na miaka 160 baadaye mwigizaji mmoja wa Kenya akampa pumzi. Watu wa Frere Town bado wanangoja wa kwao.

Kwa kazi hiyo Lupita alipewa tuzo ya Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike mnamo tarehe 2 Machi 2014. Alikuwa Mkenya wa kwanza kupata tuzo ya Oscar ya uigizaji, na alipoipokea alimkumbuka Patsey kwa jina. Kenya nzima ilishangilia, na Mombasa haikubaki nyuma. Lakini mhakiki hana ruhusa ya kukaa katika sherehe mpaka taa zizimwe. Yapasa aulize: baada ya tuzo, alipewa nini?

Jibu lake ni la ajabu. Amesema mwenyewe kwamba aliletewa nafasi nyingine za watumwa. Na katika picha kubwa zilizofuata, uso ule uliosifiwa ulifichwa. Katika Star Wars ya mwaka 2015 alikuwa kiumbe mdogo mzee aitwaye Maz Kanata, aliyechorwa kwa mashine. Katika The Jungle Book ya mwaka 2016 alikuwa mbwa mwitu. Sikatai kwamba sauti yake ilifanya kazi njema pote hapo, wala sisemi kwamba kazi ya sauti ni duni. Sisi watu wa pwani tungewezaje kusema hivyo? Siti binti Saad alipokwenda Bombay mwaka 1928 kutia nyimbo zake katika santuri, ni sauti tupu iliyorudi, na sauti hiyo ikapokewa katika nyumba zetu na watu ambao hawakupata kumwona. Tofauti ni hii: Siti aliimba kwa lugha yake. Lupita aliazimwa sauti yake ili wengine wavikwe.

Aliyemtoa katika maficho hayo ni ukumbi wa michezo. Mwaka 2015 huko New York, na mwaka 2016 katika Broadway, alicheza katika Eclipsed, mchezo wa Danai Gurira juu ya wanawake waliotekwa katika vita vya Liberia. Alipokuwa mwanafunzi wa Yale aliwahi kuwekwa akiba katika mchezo huo huo, yaani ajifunze nafasi yote na kungoja kama mwenyewe ataugua. Sasa aliweza kuchagua kazi, akachagua ile ile: msichana ambaye mwandishi hakumpa jina, aitwaye Msichana tu. Mwenye kupima heshima ya msanii na apime hapo.

Katika mwaka huo wa 2016 ilitoka pia Queen of Katwe ya Mira Nair, na kwa maoni yangu hiyo ndiyo kazi yake iliyokamilika kuliko zote za sinema, ingawa haikutunzwa sana. Ni habari ya kweli ya Phiona Mutesi, msichana wa mtaa maskini wa Katwe, Kampala, aliyekuwa bingwa wa sataranji. Lupita ni mama yake, Nakku Harriet, mjane muuza mahindi. Angekuwa mwigizaji mwingine, mama huyu angekuwa wa kulia au wa kubariki. Hapa ni mkali, ana kiburi, na anaogopa. Anaogopa kwamba mchezo huo utamfundisha mwanawe kutamani maisha ambayo hayatapatikana, kisha mtoto ataishi akiyachukia yale yaliyopo. Wazazi wangapi wa Kibokoni na Majengo wamewaza hivyo juu ya vitabu! Kiingereza chake ni cha Uganda, kimesikilizwa kwa makini na hakikufanyiwa mzaha. Yule aliyewahi kuweka kando matamshi yake mwenyewe sasa anayaheshimu ya jirani.

Juu ya Black Panther ya mwaka 2018 sitasema mengi. Ilimfurahisha kila kijana, nami sina ugomvi na furaha. Lakini jasusi Nakia alipewa mapigano mengi na mawazo machache. Us ya mwaka 2019 ni jambo jingine. Humo alicheza watu wawili, Adelaide na kivuli chake kiitwacho Red, na sauti ya Red ni ya kukwaruza, hutoka kwa shida kama mlango usiofunguliwa miaka mingi. Alieleza kwamba aliiga sehemu moja ya sauti hiyo kutoka kwa watu wenye ugonjwa unaokaza misuli ya koo. Wenye ugonjwa huo walilalamika kwamba shida yao imefanywa ya kutisha, naye aliomba radhi. Walikuwa na haki. Uigizaji ule una nguvu isiyokanika, na bado sauti ya mtu ni mali yake. Kuichukua kwa ajili ya Patsey, ili asiye na msemaji asikike, ni jambo moja. Kuichukua ili watu waogope ni jambo jingine. Mwanafunzi asione ajabu kwamba kazi moja yaweza kuwa bora na kuwa na kosa papo hapo.

Sasa nafika mahali nilipokuwa nikielekea tangu mwanzo. Mwezi wa Agosti 2025 ukumbi wa Delacorte, ulio wazi chini ya mbingu katika bustani ya Central Park mjini New York, ulifunguliwa tena baada ya matengenezo. Mchezo wa ufunguzi ulikuwa Twelfth Night wa Shakespeare. Mwelekezaji alikuwa Saheem Ali, mzaliwa wa Kenya. Lupita alikuwa Viola, na ndugu yake wa damu, Junior Nyong'o, alikuwa Sebastian. Katika mchezo huo pacha wawili wanavunjikiwa na jahazi. Kila mmoja anamdhani mwenziwe amekufa maji. Viola anajivika mavazi ya kiume ili aishi salama katika nchi asiyoijua. Na baadhi ya maneno ya ndugu hao yalisemwa kwa Kiswahili.

Fikiri maana yake. Viola, tangu anapoingia katika kazi ya Liwali Orsino, anasema kwa sauti ya kuazima. Anatumwa kumposea mwingine mwanamke, akisema maneno ya mapenzi ambayo si yake, hali moyo wake mwenyewe unampenda bwana aliyemtuma. Nani angemfahamu Viola kuliko mwigizaji huyu? Na mwisho, ndugu wanapokutana, hawaaminiani upesi. Shakespeare amewafanya waulizane habari za baba yao na alama ya usoni mwake. Kiswahili kilikuwa alama nyingine iliyoongezwa juu ya hizo. Wengi wa watazamaji hawakijui, na haikudhuru, kwa sababu Sebastian alikijua. Hapo lugha yetu haikuwa pambo la kuchekesha wageni, kama ilivyofanywa mara nyingi katika sinema zenye simba na jua linalozama. Ilikuwa lugha ya nyumbani kwa watu waliopotelewa na nyumbani.

Najua kwamba wazee wa Mji wa Kale watakuwa na neno. Watasema kwamba Kiswahili cha watoto hawa ni cha Nairobi, wala hakina ladha ya Mvita. Na waseme, masikio yao ni ya urithi. Lawama yangu ni nyingine. Julius Nyerere alipotafsiri Juliasi Kaizari mwaka 1963 na Mabepari wa Venisi mwaka 1969, alimtia Shakespeare mzima katika Kiswahili, na mashairi yake, na hoja zake. Huko New York Kiswahili kilitiwa katika Shakespeare kwa kipimo cha chumvi. Kilikolea, lakini mwenye njaa hashibi kwa chumvi. Ningependa kumsikia Lupita Nyong'o akiwa Portia, amesimama mbele ya mahakama ya Venisi katika mavazi ya mwanasheria, akimjibu Shailoki kwa maneno ya Nyerere tangu la kwanza hata la mwisho. Na ukumbi uwe uwanja wa Ngome ya Yesu, usiku, pepo za bahari zikivuma.